Mtoto Amekua, Wazazi Wamekataa



Katika ukurasa wetu leo tuzungumze juu ya jambo ambalo nyumba nyingi hulijua, lakini husemwa mekoni kwa sauti ya chini. Kijana wenu ana miaka ishirini na saba, anafanya kazi Voi au Mombasa. Siku moja anakuja nyumbani na kuwaambia amepata mchumba. Mnafurahi. Kisha mnauliza: Ni mtu wa wapi? Ni mtoto wa nani? Anasali wapi? Jibu linapotoka, baba ananyamaza, mama anaondoka kwenda kuangalia chungu, na kabla ya jua kuzama neno limekwisha kutolewa: "Huyo hapana."

Au ni binti yenu. Amesoma, ana kazi yake, ana kitambulisho chake. Wazee wa upande wa mwanamume wamekuja na posa, wameketi, wamekunywa chai, nanyi mkawarudisha mikono mitupu. Tangu siku hiyo binti haongei mezani.

Sisi wa Bura tuna misheni tangu mwaka 1892. Imani ya Kikatoliki kwetu si ngeni, na wengi wetu tulizoea kuona watoto wa misheni wakioana na watoto wa misheni. Lakini angalieni jinsi tunavyoishi leo. Jirani zetu ni Waanglikana, ni Waislamu wa Voi na Taveta, ni Wakamba, ni Waduruma. Reli na mashamba ya mkonge ya Mwatate yalileta watu wa kila upande, na watoto wetu nao wamekwenda kila upande kutafuta shule na kazi. Tumewatuma wenyewe. Si ajabu basi kwamba wanakutana na watu ambao sisi hatukuwatazamia.

Swali letu ni hili: mtu mzima akiamua kuoa au kuolewa, na jamaa yake wakakataa, ni nani mwenye neno la mwisho? Tena liko swali la pili, ambalo naona ni gumu kuliko la kwanza: yule asiye na neno la mwisho amebaki na neno gani?

SHERIA YA NCHI INASEMAJE

Tuanze na sheria ya nchi, kwa sababu wengi wetu tunaijua nusunusu. Katiba ya Kenya iliyozinduliwa tarehe 27 Agosti 2010, katika kifungu cha 45, inaitambua familia kuwa msingi wa jamii. Hapohapo inasema kwamba kila mtu mzima ana haki ya kufunga ndoa na mtu wa jinsia nyingine, kwa hiari ya hao wawili wenyewe. Mtu mzima ni yule aliyetimiza miaka 18.

Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 ikafuata njia hiyo. Inasema ndoa ni muungano wa hiari wa mwanamume na mwanamke. Asiyetimiza miaka 18 haoi wala haolewi, hata wazazi wakitaka. Palipokosekana hiari ya mmoja wao, hapana ndoa. Sheria hiyo inadai mashahidi wawili, lakini haisemi kwamba mashahidi hao lazima wawe baba na mama.

Je, mzazi hawezi kupinga? Anaweza. Ndoa hutangazwa kwanza, iwe ni kanisani au kwa msajili, ili mwenye kujua kizuizi ajitokeze na kukieleza kwa maandishi. Lakini kizuizi ni jambo kama hili: mmoja wao tayari ana mume au mke, au ni ndugu wa damu wa karibu, au mmoja hajatimiza umri, au analazimishwa. "Simpendi yule" si kizuizi. "Kabila lile hatuoani nalo" si kizuizi. Msajili atawasikiliza kwa adabu, kisha atauliza kama mna jambo jingine.

Na mzazi anayemfungia ndani binti yake aliye mtu mzima ili asifike kwa msajili, ajue amevuka mpaka. Kumfungia mtu bila haki ni kosa la jinai, hata kama mtu huyo ulimzaa wewe. Tena Sheria ya Kinga Dhidi ya Ukatili wa Nyumbani ya mwaka 2015 inaitaja ndoa ya kulazimishwa kuwa ni aina ya ukatili. Na katika orodha hiyohiyo imo pia hali ya wakwe kuingilia ndoa ya watoto wao. Wakwe wenzangu, tusikie!

KANISA LILISEMA HIVYO ZAMANI

Wako wazazi wanaodhani kwamba haya yameletwa na wanasheria wa siku hizi, na kwamba Kanisa liko upande wa baba wa nyumba. Sivyo. Kanisa lilishikilia jambo hili tangu zamani sana, hata pale wenye nguvu walipolikasirikia.

Katika karne ya 16 mfalme Henri II wa Ufaransa alitoa sheria, mwaka 1556, iliyowapa wazazi nguvu ya kuwanyima urithi watoto waliooana bila kibali chao. Kwa mwana ilimfunga mpaka afike miaka 30, na kwa binti mpaka 25. Wafaransa wakataka Mtaguso wa Trento nao utangaze kwamba ndoa kama hizo si ndoa kabisa. Mababa wa Mtaguso walibishana sana, na mwaka 1563 wakatoa hati yao. Walikataa. Walisema wanakosea wale wanaodai kwamba ndoa ya watoto ni batili kwa sababu tu wazazi hawakuridhia. Lakini wakasema pia kwamba Kanisa limezichukia siku zote ndoa za siri. Kwa hiyo wakaamuru ndoa itangazwe kanisani, na ifungwe mbele ya padre na mashahidi. Matangazo mnayoyasikia Jumapili baada ya Jumapili yana mizizi yake huko.

Angalieni hekima yake, wapendwa. Mtaguso haukuwapa wazazi ufunguo wa kufunga mlango, wala haukuwapa vijana ruhusa ya kupitia dirishani usiku. Ulisema: mwamue ninyi wawili, lakini mwamue mchana, mbele ya watu.

Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983 inarudia fundisho hilo katika kanuni ya 1057: kinachofanya ndoa ni ridhaa ya hao wawili, na hakuna mwanadamu anayeweza kuitoa kwa niaba yao. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati ya Furaha na Matumaini ya mwaka 1965, unawataka wazazi wawaongoze vijana kwa ushauri wa busara, lakini wajihadhari wasiwalazimishe kuoana au kuwachagulia mchumba, si kwa wazi wala kwa mzunguko. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2230, inafundisha vivyo hivyo.

Tena kumbukeni siku ya arusi yenu wenyewe. Padre aliwauliza kama mmekuja kwa hiari yenu, bila kulazimishwa. Aliwauliza ninyi wawili. Katika ibada ile yote hakuna mahali ambapo baba anasimamishwa na kuulizwa kama amekubali. Baba yupo, amevaa koti lake, anafurahi au ananuna, lakini sakramenti haingoji jibu lake.

Mzee mwenye kuijua Biblia anaweza kunijibu kwa kitabu cha Hesabu, sura ya 36. Pale mabinti wa Selofehadi waliambiwa waolewe na wanaume wawapendao, ila wawe wa kabila la baba yao. Ni kweli imeandikwa hivyo. Lakini soma sura yote, mzee wangu. Shida ilikuwa ardhi: kila kabila la Israeli lilipewa fungu lake, na mabinti wale walikuwa wamerithi fungu la baba yao. Haikuwa kwamba damu ya kabila jingine ni chafu. Na hata mle ndani ya mpaka ule, waliochagua ni mabinti wenyewe. Soma pia Mwanzo 24. Mtumishi wa Abrahamu alipotaka kuondoka na Rebeka, jamaa zake walimwita msichana na kumwuliza yeye mwenyewe kama anakubali kwenda. Ni jamaa wa zamani za kale, wenye mifugo na desturi zao, nao hawakuona aibu kuuliza.

UHURU HUU NI UA WA WATOTO WETU

Mzazi anaweza kusema moyoni: sheria imetunyang'anya watoto. Napenda tulitazame jambo hili kutoka upande wa pili.

Si mbali na kwetu, kule Zanzibar, mnamo Septemba 1970, wasichana wanne wa jamaa zenye asili ya Uajemi waliozwa kwa nguvu. Wanaume waliowachukua walikuwa wakubwa wa Baraza la Mapinduzi. Jamaa zao waliothubutu kupinga walikamatwa. Wazazi wale walilia kilio kimoja tu: mabinti zetu hawakukubali. Hawakuwa na ngao nyingine ila hiari ya watoto wao, na ngao hiyo iliponyang'anywa, hawakubaki na kitu.

Kwa hiyo ile hiari ambayo leo inatuudhi, kwa sababu binti amemchagua mtu tusiyempenda, ndiyo ileile inayomkinga na mtu mwenye fedha au cheo ambaye angetaka kumchukua bila yeye kutaka. Huwezi kuubomoa ua upande mmoja ukatazamia fisi asipite.

Na msidhani kulazimisha ni kufunga kamba tu. Kanuni ya 1103 inasema ndoa iliyofungwa kwa nguvu au kwa hofu kubwa kutoka nje ni batili, hata kama aliyeitia hofu hiyo hakukusudia. Machozi ya mama ya kila usiku ni hofu. "Ukimwacha huyu tuliyekuchagulia nitakunyima radhi" ni hofu. Mtoto mwenye heshima anaweza kusema "ndiyo" mbele ya altare kwa sababu anamwogopa baba yake kuliko anavyompenda aliyesimama naye. Mzazi anafurahi, ng'ombe wanachinjwa, kumbe ndoa haikufungwa kabisa.

MZAZI AMEBAKI NA NENO GANI

Sasa tuje kwenye swali la pili. Kama sina neno la mwisho, je, ninyamaze?

La hasha. Aliyenyang'anywa amri hajanyang'anywa ushauri. Nasi tunajua kwamba mwenye kupenda haoni. Ukipenda, chongo huita kengeza. Mtu aliyeishi kwenye ndoa miaka ishirini na mitano anaona mambo ambayo kijana wa miezi sita ya uchumba hawezi kuyaona. Kumnyima mtoto ushauri huo ni kumtupa. Tena mchuma janga hula na wa kwao: ndoa yao ikivunjika, ni kwenu watakapokuja na wajukuu.

Lakini ushauri lazima uwe na sababu, na sababu lazima ipimwe. Naona "hapana" za wazazi ni za namna tatu.

Ya kwanza ni hapana ya ukweli. Mchumba anapiga watu. Analewa. Ana mke Mombasa na hakumwambia binti yenu. Amezaa na kuwatupa watoto. Hapana kama hii ni deni. Usipoisema umemkosea mtoto. Iseme kwa utaratibu: ulichokiona, lini, na nani mwingine anajua. Mwambie mtoto kwanza, faraghani, mara moja na kwa upole. Kama ni kizuizi cha kweli, mpelekee baba paroko kabla matangazo hayajaisha. Usingoje asubuhi ya arusi.

Ya pili ni hapana ya hofu. Ni kabila jingine, ni dhehebu jingine, ni Mwislamu. Hofu hii si dhambi, na mara nyingine ina msingi. Mama anajiuliza wajukuu watabatizwa wapi, na hilo ni swali la haki. Lakini Kanisa limekwisha kulifikiri kabla yetu. Mkatoliki akitaka kuoana na Mkristo wa madhehebu mengine inatakiwa ruhusa ya Askofu. Kwa asiyebatizwa inatakiwa msamaha maalumu, na bila huo ndoa si halali mbele ya Kanisa. Mkatoliki huahidi kuilinda imani yake, na kufanya yote awezayo ili watoto wabatizwe na kulelewa Kikatoliki, na mwenzake hujulishwa ahadi hiyo. Basi badala ya kufunga mlango, waambieni vijana: "Nendeni mkamwone baba paroko mapema." Hofu iliyopewa njia ya kupita hupungua.

Hofu ya kabila ni nyingine. Ukimwuliza mwenye nayo akutajie kosa la mchumba mwenyewe, atakutajia la mjomba wa jirani miaka ya nyuma. Mtume Paulo aliwaambia Wagalatia, sura ya 3, kwamba ndani ya Kristo tofauti ya Myahudi na Mgiriki haitutengi tena. Hatuwezi kuimba hayo Jumapili na kuyakana posa inapokuja Jumatatu.

Ya tatu ni hapana ya mali na jina. "Tumemsomesha kwa taabu." "Watu watasemaje?" "Hawana kitu wale." Hii ndiyo inayopaswa kutuonea aibu, na ndiyo inayonipeleka kwenye neno la mahari.

MAHARI ISIWE MINYORORO

Mahari ni desturi njema. Inakutanisha koo mbili, inawafanya wazee wajuane, inamwambia binti kwamba hakuokotwa njiani. Sisemi iondolewe.

Lakini tunajua kinachotendeka. Wazazi wanataja kiasi ambacho kijana wa kibarua hatakipata kwa miaka kumi. Au wanapokea nusu, halafu wanasema hakuna arusi mpaka iishe. Vijana wanangoja mwaka, miaka miwili. Kisha wanachoka, wanapanga chumba Voi, wanaanza kuishi pamoja bila ndoa. Mtoto wa kwanza anazaliwa, wa pili anafuata. Jumapili wanaketi nyuma kanisani, na wakati wa komunyo wanabaki kwenye benchi wakitazama sakafu. Na babu yao yuko mbele kabisa, anapokea. Je, wapendwa, mbele ya Mungu ni nani aliyewaweka kwenye benchi lile? Wao wana sehemu yao. Lakini sisi nasi tunayo yetu.

Sheria haikubali mahari iwe minyororo. Ndoa ya Kikristo na ya msajili haidai mahari kabisa. Hata kwa ndoa ya kimila, Sheria yetu ya 2014 inasema kwamba pale mahari inapohitajika kuithibitisha, kiasi kidogo cha kuwa ishara kinatosha. Jirani zetu wa Tanzania, katika Sheria yao ya Ndoa ya mwaka 1971, walisema ndoa haiwi batili kwa sababu desturi ya mahari haikutimizwa. Na kule Uganda, tarehe 6 Agosti 2015, Mahakama ya Juu ilitamka kwamba kudai mahari irudishwe ndoa inapovunjika ni kinyume cha katiba. Mahakama ile haikuipiga marufuku mahari. Iliona tu kwamba mke si mali ya kurudishwa dukani.

Basi fanyeni hivi: pokeeni kidogo, andikeni kilichobaki kama mkitaka, na waacheni waje kanisani. Mbuzi aliyebaki anaweza kungoja. Hali ya neema haipaswi kungoja.

KWA KIJANA ALIYELIKUTA GAZETI MEZANI

Ukurasa huu ni wa wana ndoa, lakini najua husomwa pia na vijana wanaolikuta gazeti mezani kwa wazazi. Kwako nina neno.

Haki unayo. Lakini kuwa na haki ya kuchagua si ushahidi kwamba umechagua vema. Sheria inamruhusu mtu mzima kuoa vibaya vilevile inavyomruhusu kuoa vizuri. Katekisimu, namba 2217, inasema utii wa mtoto huisha anapojitegemea, lakini heshima haina mwisho. Kwa hiyo usikimbilie kwa msajili wiki ileile baba aliposema hapana. Mpe muda. Mtafute shangazi au mjomba anayesikilizwa. Mpeleke mchumba wako nyumbani asaidie kuchota maji, wamwone akiwa mtu, si jina la kabila. Na ile sababu yao, ipime kwa uaminifu: kama ni hapana ya ukweli, ishukuru.

Historia yetu inayo mambo mawili ya kukufundisha. Mwaka 2003, Nairobi, mama mmoja aliyejulikana nchi nzima, Wambui Otieno, aliyekuwa mpigania uhuru, aliolewa mbele ya msajili akiwa na miaka 67. Mume wake, Peter Mbugua, alikuwa fundi wa mawe aliye kijana kuliko yeye kwa miaka ipatayo arobaini. Kelele zilikuwa nyingi, ndani ya jamaa na magazetini. Ndoa ikafungwa. Msajili hakuwauliza watoto, kwa maana wote wawili walikuwa watu wazima na hapakuwa na kizuizi. Hiyo ndiyo nguvu ya sheria.

Lakini mama huyohuyo aliwahi kuonja pia mahali ambapo nguvu hiyo inakomea. Mwaka 1963, yeye Mkikuyu, aliolewa na wakili Mjaluo, S. M. Otieno. Wakaishi pamoja zaidi ya miaka ishirini. Mume alipofariki tarehe 20 Desemba 1986, mjane alitaka kumzika Ngong, na ukoo wa mumewe ukataka azikwe kwao Nyalgunga, Siaya. Kesi ikaendelea miezi. Mwezi wa Mei 1987 Mahakama ya Rufani iliupa ukoo ushindi, na maziko yakafanyika mjane asipokuwapo. Sitaki kuhukumu nani alikuwa na haki. Nataka uone tu kwamba cheti cha ndoa huunganisha watu wawili. Koo mbili haziunganishwi na cheti. Huunganishwa kwa kutembeleana, kwa kuzikana, kwa uvumilivu wa miaka.

Na inawezekana. Seretse Khama wa Botswana, aliyekuwa mrithi wa utemi, alimwoa Mwingereza, Ruth Williams, mwaka 1948. Tshekedi, baba yake mdogo aliyemlea, alipinga kwa nguvu zote. Baba yake Ruth naye hakuridhia. Waingereza wakamzuia Seretse kuishi nchini mwake kwa miaka kadhaa. Lakini mwaka 1956 Seretse na Tshekedi walipatana, na Seretse akarudi nyumbani na mkewe. Walifanya kazi pamoja mpaka Tshekedi alipofariki mwaka 1959. Seretse ndiye aliyekuwa rais wa kwanza wa Botswana mwaka 1966. Mzee yule alishindwa katika lile la ndoa, lakini hakumpoteza mtoto.

BABA NA MAMA MKITOFAUTIANA

Mara nyingi baba amekataa na mama amekubali, au kinyume chake. Hapo ndoa ya mtoto inaanza kuibomoa ya wazazi. Mama anampa binti fedha za gauni kwa siri, baba anagundua, chumbani hakuna salamu.

Msifanye siri. Ketini wawili, mkiwa peke yenu, kabla ya kuketi na mtoto. Kila mmoja aseme hapana yake au ndiyo yake ni ya namna gani. Kama hamkupatana, mwambieni mtoto ukweli: "Mama yako amekubali, mimi bado naogopa, na sababu yangu ni hii." Mtoto ataheshimu tofauti iliyosemwa wazi kuliko umoja wa uongo.

Na mkiwa mmesema yote, naye bado amesimama palepale, hapana kizuizi, ni mtu mzima, basi nendeni kwenye arusi. Kwenda si kusema mlikosea kuonya. Kwenda ni kumwachia mtoto njia ya kurudi. Siku ambayo mume atampiga, au kazi itakapopotea, au mtoto wao atakapougua usiku, atahitaji kujua mlango wa kwao haukufungwa. Mzazi aliyesusa arusi huwa ndiye wa mwisho kupata habari mbaya, na mara nyingi humfikia zimechelewa.

Kwa hiyo jibu langu kwa yale maswali mawili ni hili. Neno la mwisho ni la hao wawili. Katiba imesema, na Kanisa lilisema kabla yake. Sisi tumebaki na neno la kwanza, ambalo ni malezi, na neno la katikati, ambalo ni ushauri, na neno la baadaye, ambalo ni "karibuni nyumbani". Si maneno madogo hayo.

Maswali ya kuzungumza nyumbani au katika jumuiya:

1. Wazazi wetu waliipokeaje ndoa yetu? Je, walichotufanyia tungependa kuwafanyia watoto wetu?

2. Katika jumuiya yetu, ni jozi ngapi wanaishi bila sakramenti kwa sababu ya mahari au ya wazazi kukataa? Tufanye nini juu yao kabla ya Pasaka?

3. Mtoto wetu akituletea kesho mchumba wa kabila au dhehebu jingine, hapana yetu itakuwa ya ukweli, ya hofu, au ya mali?

Familia Takatifu ya Nazareti iwaombee. Tuonane toleo lijalo.